Mti Ndio Unaopukutisha

Mabibi na mabwana, nianze na tawi hili. Lilivunjika msimu wa joto, likabaki limening'inia mtini. Majani ya matawi mengine yote yakaja kuanguka. Ya hili yakakauka, yakawa kahawia, lakini hayakubanduka. Ukilivuta jani linachanika, kikonyo kinabaki. Upepo ulikuwa ule ule, baridi ile ile. Kwa nini basi?

Kwa sababu tawi lilishakufa, na kuangusha jani ni kazi ya mti ulio hai. Tumezoea kusema majani yamepukutika, kana kwamba yamejiendea yenyewe. Mimi nashikilia kitenzi cha pili: mti umeyapukutisha.

Katika nchi za baridi, siku zikianza kuwa fupi, mti hubomoa klorofili, ile rangi ya kijani ya majani, pamoja na protini zilizoambatana nayo, ukarudisha matawini nitrojeni na fosforasi. Mara nyingi karibu nusu ya akiba hiyo huokolewa. Kijani kikitoweka, manjano hujitokeza. Nayo yalikuwamo jani likiwa bado bichi. Wekundu ni habari nyingine, na ndio unaonishangaza kila mwaka: miti kama mepo (maple) huutengeneza upya, wiki za mwisho, ndani ya jani ambalo inakaribia kuliacha. Wataalamu wengi huuona kuwa mwavuli dhidi ya jua kali wakati virutubisho vinahamishwa, ingawa mjadala haujafungwa.

Kisha twende pale kikonyo kinapoungana na tawi. Jani lenye afya hutuma homoni ya oksini bila kukoma. Ikipungua, seli za tabaka jembamba lililo hapo huanza kuitikia ethilini, homoni nyingine ambayo ni gesi, na vimeng'enya, yaani protini zinazoharakisha kazi za kikemia, hulainisha gundi inayoshikanisha seli hizo. Karne ya 19, miti iliyokuwa karibu na mabomba yaliyovuja gesi ya kuwashia taa ilipukutisha majani kabla ya wakati. Mwaka 1901 Mrusi Dimitry Neljubov akabaini kwamba chenye nguvu ndani ya gesi hiyo ni ethilini.

Sasa tazameni tawi la pili, lililo hai. Hapa jani lilipokuwa pana kovu dogo, na vitone vilivyomo ni mishipa iliyopitisha maji, sasa imezibwa. Juu yake kidogo kuna tumba. Halikungoja jani lianguke. Liliumbwa tangu msimu wa joto, jani likiwa bado kijani. Lipitisheni hadi nyuma, taratibu tafadhali, matumba haya huvunjika upesi.