Leseni yako ya Texas imesimamishwa? Anzia hapa

Karibuni ndugu zangu mlioko Texas. Kabla ya yote, nakusihi usishike usukani. Kuendesha gari wakati leseni imesimamishwa ni kosa la jinai, na mambo yatazidi kuwa magumu.

Ingia kwenye tovuti ya DPS, idara inayotoa leseni, sehemu ya kuangalia hali ya leseni. Jaza namba ya leseni, tarehe ya kuzaliwa na tarakimu nne za mwisho za Social Security. Sasa shuka taratibu, soma kila mstari. Watu wengi wakiona ada ya dola 100 ya kurudishiwa leseni wanalipa papo hapo, kisha wanashangaa leseni haijafunguliwa. Kila sababu ya kusimamishwa ina njia yake ya kumalizwa, kwa hiyo ziandike zote kwanza.

Ukiona jina la mahakama, ipigie mahakama hiyohiyo. DPS hawawezi kukufutia faini yake. Huna hela? Usijifiche, mweleze hakimu. Anaweza kukuruhusu ulipe kidogo kidogo au ufanye kazi za kijamii. Omba mkalimani wa Kiswahili mapema.

Wakidai SR-22, tulia hapa. Hiyo si bima. Ni cheti ambacho kampuni ya bima inatuma DPS kuonyesha kwamba una bima, na kwa kawaida unatakiwa kukaa nacho miaka 2. Hata kama huna gari, ulizia bima ya dereva asiye na gari. Weka malipo yajikate yenyewe benki, maana bima ikikatika, kampuni inawaarifu DPS na leseni inafungiwa tena.

Unahitaji gari kwenda kazini na muda wa adhabu haujaisha? Muulize wakili kuhusu leseni ya kikazi inayotolewa na mahakama. Ukipewa, tembea na nakala ya amri ya mahakama.

Ukishamaliza yote, lipa ada, tunza risiti. Kama ulihama, badilisha anwani. Sheria inakupa siku 30, na barua nyingi za onyo huishia kwenye nyumba tuliyokwisha kuhama.

Mwisho, rudi kwenye ukurasa ule ule. Usiwashe gari mpaka usome kwamba unaruhusiwa kuendesha, na uhakikishe kadi yenyewe haijaisha muda.