Harakisha, Lakini kwa Gharama ya Nani?

Hamjambo mabibi na mabwana. Nimeombwa nizungumzie mamlaka ya Mahakama Kuu kumwambia hakimu: maliza ombi hili upesi. Mamlaka hayo yapo, sitapoteza muda kuyatetea. Kifungu cha 165(6) cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinaipa Mahakama Kuu usimamizi wa mahakama za chini, na kijifungu kinachofuata kinairuhusu kuitisha faili na kutoa maagizo. Kifungu cha 159 kinasema haki haitacheleweshwa. Swali langu ni hili: agizo likishatolewa, nani anasogezwa nyuma?

Tuseme mwenye matatu ameshindwa kulipa mkopo, na mkopeshaji anataka kuipiga mnada. Mwenye gari anakimbilia mahakama za Milimani, Nairobi, anapewa zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha mnada, kabla upande wa pili haujasikilizwa. Agizo la 40 la Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai linasema zuio hilo ni la siku 14, na huongezwa mara moja tu. Nyinyi mawakili mnajua yanayofuata. Leo kesi inatajwa tu bila kusikilizwa, tarehe ijayo hakimu yuko likizo, ile nyingine mtu anaomba muda wa kujibu, na kila mara tunaambiwa amri za muda zinaendelea. Aliyeshika zuio hana haraka. Aitoe wapi?

Basi mkopeshaji anapanda Mahakama Kuu, anarudi na agizo kwamba ombi la zuio liamuliwe ndani ya siku 30. Hakimu atatii. Ila siku yake ya kazi haijarefuka hata saa moja, kwa hiyo dobi anayedai malipo yake, asiye na pesa za wakili wa kupanda ngazi, atapewa tarehe ya mbali zaidi.

India wamelipitia hili. Machi 2018 Mahakama ya Juu yao iliamua kwamba amri za kusimamisha kesi zife zenyewe baada ya miezi sita, zisipoongezwa kwa sababu maalumu. Februari 29, 2024 jopo la majaji watano likaubatilisha uamuzi huo: haifai mtu apoteze kinga kwa ucheleweshaji wa mahakama yenyewe. Likaongeza kuwa, isipokuwa hali ya kipekee, mahakama za juu zisizipangie nyingine muda wa kumaliza kesi, kwani kila mahakama ndiyo inayoujua mrundiko wake.

Mimi naipenda kanuni ya 6 ya Agizo letu la 40, ambayo hatuitumii ipasavyo. Kesi isipoamuliwa ndani ya miezi 12 tangu zuio litolewe, zuio linakufa, ila mahakama ikiona sababu ya kutosha inaweza kuamuru vinginevyo. Mlango umeachwa wazi kidogo, na mzigo wa kuusukuma uko kwa anayefaidika. Tena inawahusu wote, si yule tu aliyefika ghorofa ya juu. Mahakimu wakiisimamia kwa dhati, wakili wa mwenye matatu ndiye atakayekuwa wa kwanza kwenye masjala kuomba tarehe ya kusikilizwa.

Maswali sasa. Naona mawakili wa wakopeshaji wameshainua mikono.