Lusifa Ni Nani? Fungueni Isaya 14

Ndugu zangu, hili nimelisema mara nyingi, na leo nalisema tena, kwa sababu kila nikimaliza kuzungumza hakosi mtu wa kuniuliza: "Mwalimu, kwani Lusifa si jina la Shetani kabla hajaasi?"

Haya, mwenye Biblia afungue Isaya 14:12. Soma kwa sauti. "Ewe nyota ya alfajiri, mwana wa asubuhi." Umemwona Lusifa hapo? Hayumo. Sasa panda juu, aya ya 4. Nabii anaambiwa atunge mithali juu ya nani? Mfalme wa Babeli. Huu ni wimbo wa kumsimanga mtawala, ndugu zangu, na ni mkali kwelikweli. Wafalme waliokufa wanainuka kuzimu kumpokea mwenzao: kumbe na wewe umedhoofika kama sisi! Anatandikiwa funza, anafunikwa vidudu. Aya ya 16 wanamkodolea macho, wanaulizana kama ndiye mtu aliyeitetemesha dunia. Mtu! Aya ya 19 ametupwa mbali na kaburi lake. Nijibuni basi, Shetani alichimbiwa kaburi lini?

Kiebrania kinasema helel, mwenye kung'aa. Ni Zuhura hiyo, inayowaka alfajiri kwa mbwembwe zote, jua likichomoza huioni tena. Jerome, mtaalamu wa kale wa Maandiko, alipotafsiri Biblia kwa Kilatini kuelekea mwaka 405, aliandika lucifer, mleta nuru, jina ambalo Warumi waliiita nyota hiyo siku zote. Na katika Biblia hiyohiyo ya Kilatini, 2 Petro 1:19, lucifer anazuka mioyoni mwenu. Kama ni Shetani, Petro anatutakia nini pale? Tena karne ya 4 hiyohiyo Cagliari, kule Sardinia, palikuwa na askofu aitwaye Lucifer. Askofu, jamani! Hakuna aliyemkemea pepo kwa sababu ya jina.

Najua, wewe pale nyuma umeshafika Luka 10:18, Shetani akianguka kama umeme. Sawa. Origen, mwalimu wa kanisa wa karne ya 3, aliiunganisha aya hiyo na Isaya 14:12, na wahubiri wengi wakamfuata. Ukitaka kuunganisha, unganisha. Ni ufafanuzi wa kale. Lakini ufafanuzi ni kitu kimoja, na jina ni kitu kingine. Waingereza, katika Biblia yao ya King James ya mwaka 1611, waliliacha neno la Kilatini vilevile, likaanza kwa herufi kubwa, msomaji akadhani ni mtu.

Waholanzi nao mpaka leo njiti ya kiberiti wanaiita lucifer. Na lusiferini, kemikali inayomwashia kimulimuli taa yake, imezushiwa maneno mengi ya kishetani, lakini naona mwenyekiti ananionyesha saa.

Beelzebuli sikumgusa kabisa. Jina lake linarudi kwa mungu wa Ekroni, 2 Wafalme sura ya 1, kasomeni wenyewe. Haya, maswali, na asiulize mtu kuhusu Lusifa.