Ulinganifu: Kitu Kinapogeuzwa Kisigeuke

Mabibi na mabwana, walimu wenzangu, na nyinyi wanafunzi mliokaa huko nyuma, nawasalimu nyote.

Kabla sijasema lolote, naomba kila mmoja achukue karatasi aandike maneno mawili kwa herufi kubwa, moja chini ya jingine: UTU, halafu INI. Herufi I iwe mstari mtupu, bila mapambo. Mwenye kioo kidogo akisimamishe ubavuni mwa karatasi. UTU ndani ya kioo linasomeka UTU. INI limeharibika, kwa sababu N imegeuka kinyume. Sasa wekeni kioo kando, mzungushe karatasi mpaka juu iwe chini. Safari hii INI ndilo lililosalimika. UTU limepinduka, T imesimama kichwa chini.

Maneno yote mawili yana ulinganifu, ila kila moja lina wake. Ndiyo maana mtu akiniuliza kama kitu fulani ni linganifu, namrudishia swali: ukikifanyia nini? Ulinganifu ni tendo unaloweza kukifanyia kitu huku mwenzako amefumba macho, naye akiyafumbua asiweze kujua kama umekigusa. Naomba mkae na maana hiyo, kwa sababu karibu yote nitakayosema jioni hii yanatoka hapo.

Wengi wetu tukilisikia neno hili tunafikiria uso wa mtu, au jengo lenye mlango katikati na madirisha yanayotazamana pande zote mbili. Kisha tunafikiria uzuri. Sina ugomvi na uzuri. Nasema tu kwamba maana hiyo ni kipande kidogo cha neno, tena ni kipande kipya kuliko tunavyodhani.

Wagiriki wa kale, ambao ndio waliotupa neno simetri, walimaanisha kuwa na kipimo cha pamoja. Mistari miwili ilikuwa na simetri ikiwa upo mstari wa tatu unaoweza kuipima yote miwili bila kubakiza. Mwanahisabati wao Euclid alilishughulikia jambo hili kwa urefu, na mfano maarufu wa kinyume chake ni mraba: upande wake na ulalo wake havina kipimo cha pamoja, hata ukikate kipimo chako kiwe kidogo namna gani. Mrumi Vitruvius, mjenzi wa karne ya kwanza kabla ya Kristo, alilipeleka neno kwenye majengo. Kwake jengo lilikuwa na simetri pale sehemu zake zilipowiana baina yao na kuwiana na jengo zima, kwa kipimo kilichotolewa ndani ya jengo lenyewe, kwa mfano unene wa nguzo. Kulia na kushoto hakukuwa ndiyo hoja.

Sisi tunaosoma ushairi wa Kiswahili tunaijua maana hiyo ya kale hata kama hatukuwahi kuipa jina. Chukueni mshororo wa mizani 16 uliokatwa katikati: mizani 8 za ukwapi, mizani 8 za utao. Vipande hivyo viwili huenda visiwe na hata neno moja linalofanana. Kinachovifunga pamoja ni kipimo.

Mwaka 1673 Mfaransa Claude Perrault alichapisha tafsiri yake ya Vitruvius, na ikambidi aeleze kwamba watu wa Ufaransa wa wakati wake walilitumia neno kwa maana nyingine kabisa, yaani upande wa kulia kufanana na wa kushoto. Mwaka 1794 mwanahisabati Adrien-Marie Legendre akaliingiza neno kwenye jiometri ya maumbo mango kwa maana iliyo karibu na hiyo. Basi hii tunayoiona kuwa maana ya asili ina karne chache tu. Na haikukaa peke yake kwa muda mrefu, kwa sababu karne ya 19 ilileta maana ya tatu, ile ya UTU na INI, ambayo mimi naiona kuwa miongoni mwa mawazo makubwa kabisa ambayo akili ya binadamu imewahi kuyapata.

Wazo lenyewe ni jepesi kulianza. Kata mraba wa karatasi. Unaweza kuuzungusha robo mzunguko, nusu, robo tatu, au kuuacha ulivyo. Hayo ni matendo 4. Unaweza pia kuupindua upande wa pili kwa kufuata mistari minne: miwili inayopita katikati ya pande, na miwili ya ulalo. Jumla matendo 8, na hakuna la tisa. Pembetatu yenye pande sawa ina 6. Mchemraba una 48 ukihesabu na yale ya kioo. Ya duara hayana mwisho. Na hapa kuna jambo linalonifurahisha kila ninapolifundisha: ukifanya tendo moja la mraba kisha ukaongeza jingine, matokeo yake ni tendo mojawapo katika yaleyale 8. Hutoki nje. Matendo hayo yanajitosheleza, na mkusanyiko wa namna hiyo wanahisabati wanauita kundi.

Makundi hayakuanzia kwenye karatasi wala kwenye miraba. Yalianzia kwenye milinganyo. Chukua mlinganyo rahisi: namba ipi ukiizidisha kwa yenyewe inatoa 2? Majibu ni mawili, kipeuo cha pili cha 2 na hasi yake. Sasa jaribu kunieleza tofauti ya majibu hayo mawili kwa kutumia milinganyo ya namba nzima na sehemu tu, bila kusema lipi ni kubwa kuliko sifuri. Hutaweza. Kila mlinganyo wa aina hiyo ulio kweli kwa jibu la kwanza ni kweli kwa la pili. Ukiyabadilishana, aljebra haitambui kitu. Huo ni ulinganifu kamili, na hakuna umbo lolote la kutazama kwa macho.

Kijana wa Kifaransa, Évariste Galois, aliona kwamba kila mlinganyo una kundi lake la mabadilishano ya namna hiyo, na kwamba kundi hilo ndilo linaloamua kama mlinganyo unaweza kutatuliwa kwa fomula ya kujumlisha, kutoa, kuzidisha, kugawanya na kutafuta vipeuo. Niels Henrik Abel alikuwa ameshathibitisha katika miaka ya 1820 kwamba milinganyo ya kipeo cha tano haina fomula moja ya jumla. Galois alieleza kwa nini, na ni mlinganyo upi unakubali na upi unakataa. Alikufa mwaka 1832 kwa jeraha la risasi alilopata katika pambano la watu wawili, akiwa na miaka 20.

Kuanzia hapo wazo likasambaa. Mwaka 1891 Mrusi Evgraf Fedorov na Mjerumani Arthur Schoenflies, kila mmoja kwa njia yake, walikuwa wamehesabu namna zote ambazo atomu zinaweza kujipanga na kujirudia ndani ya fuwele: 230, basi. Kwa michoro ya bapa inayojirudia pande zote, kama ya vigae au vitambaa, namna ni 17. Mchoraji anaweza kuwa na rangi elfu na maua elfu, ila chini ya mchoro wake unaojirudia utakuta mojawapo ya hizo 17.

Sasa niruhusuni nikae kidogo kwa mwanahisabati Emmy Noether.

Alizaliwa Erlangen, Ujerumani, mwaka 1882. Alipokuwa Chuo Kikuu cha Göttingen, mwanahisabati mashuhuri David Hilbert alipotaka apewe nafasi ya kufundisha, baadhi ya maprofesa walikataa kwa sababu ni mwanamke. Kwa miaka kadhaa mihadhara yake ilitangazwa kwa jina la Hilbert, naye hakulipwa. Mwaka 1918, akiwa katika hali hiyo, alichapisha nadharia ambayo wanafizikia wanaitegemea hadi leo.

Kila mwanafunzi wa sekondari amekaririshwa kwamba nishati haiumbwi wala haiangamizwi. Wachache huambiwa sababu. Noether alionyesha kwamba sababu ni ulinganifu. Fanya jaribio leo, lirudie kesho katika hali zilezile: sheria za maumbile hazijali tarehe. Kuusogeza wakati ni tendo lisiloacha alama, na kutokana na hilo peke yake, nishati lazima ihifadhiwe. Lihamishe jaribio kutoka chumba hiki hadi kingine: sheria hazijali mahali, na kutokana na hilo inahifadhiwa momenta, yaani tungamo la kitu (kiasi cha maada iliyomo) likizidishwa kwa mwendo wake. Igeuze meza ya jaribio itazame upande mwingine: sheria hazijali uelekeo, na kutokana na hilo kinahifadhiwa kiasi cha mzunguko, ndiyo maana mchezaji wa densi ya barafu akikunja mikono anazunguka kwa kasi zaidi. Kila ulinganifu wa aina hii, ambao tendo lake linaweza kufanywa kidogokidogo, una kitu kimoja kisichopotea.

Natamani mlione hili kama ninavyoliona mimi. Kutojua kukageuka kuwa maarifa. Kwa sababu hakuna jaribio linaloweza kutambua ni saa ngapi duniani kwa kutazama sheria za maumbile tu, tunajua kwa hakika kwamba hesabu ya nishati itatimia mwishoni. Noether alifukuzwa kazi na utawala wa Wanazi mwaka 1933, akahamia Marekani, akafariki huko 1935.

Matumizi mengine nitayapita haraka. Katika mantiki, uhusiano ni linganifu ukiweza kubadilishana nafasi: Amina akiwa jirani wa Juma, Juma ni jirani wa Amina, lakini Amina akimpenda Juma hatujajua lolote kuhusu moyo wa Juma. Katika usalama wa mawasiliano, usimbaji (kuuficha ujumbe kwa siri) linganifu ni ule ambao ufunguo wa kufunga ndio wa kufungua. Katika uchumi, George Akerlof alionyesha mwaka 1970 jinsi soko la magari yaliyotumika linavyoweza kuharibika pale taarifa zisipokuwa linganifu, yaani muuzaji anapoijua gari na mnunuzi haijui.

Jambo ambalo sitaki kulipita haraka ni kuvunjika kwa ulinganifu. Pierre Curie aliandika mwaka 1894 kwamba ni ukosefu wa ulinganifu unaozalisha tukio. Mahali ambapo kila upande ni sawa na mwingine, hakuna sababu ya kitu kwenda huku badala ya kule.

Miili yetu inaonyesha hivyo. Kwa nje tunakaribia kuwa nusu mbili za kioo, kwa ndani hatupo karibu hata kidogo: moyo umeegemea kushoto, ini kulia. Kiinitete huanza kikiwa na pande mbili sawa, kisha vinyweleo vidogo mno vinaanza kuzunguka kwa upande mmoja, vinasukuma majimaji kuelekea kushoto, na pande zinaachana. Kwa kadiri ya mtu mmoja kati ya 10,000 viungo vyote hujipanga kinyume, na wengi wao huishi bila tatizo.

Ukishuka zaidi, kwenye molekuli, hali ni ileile. Mwaka 1848 Louis Pasteur, akiwa na miaka 25, aliketi na kutenganisha kwa mkono fuwele ndogo za chumvi ya asidi ya tartariki, za kulia huku na za kushoto kule, zinazofanana kama kitu na taswira yake kiooni. Alipoziyeyusha, maji ya kundi moja yaliugeuza kulia uelekeo wa mtetemo wa mwanga uliochujwa, ya kundi la pili kushoto. Molekuli zina mikono. Kavoni ya mkono mmoja inanukia mnanaa, ya mkono wa pili inanukia kisibiti, ingawa atomu ni zilezile na zimeungana kwa mpangilio uleule. Protini za viumbe hai zimejengwa karibu zote kwa asidi amino za kushoto.

Lakini watu walijifariji kwamba hayo ni mambo ya viumbe na historia yao, na kwamba sheria zenyewe hazijali kioo. Mwaka 1956 Tsung-Dao Lee na Chen-Ning Yang waliuliza kama kuna aliyewahi kulihakiki hilo kwa nguvu dhaifu ya nyuklia, ile inayofanya baadhi ya viini vya atomu vioze na kutoa elektroni. Hakuwepo. Chien-Shiung Wu alichukua kobalti-60, akaipoza hadi karibu na sifuri halisi, yaani baridi isiyoweza kupitwa, akatumia sumaku kufanya viini vizunguke vikielekea upande mmoja, kisha akahesabu elektroni zinazoruka juu na zinazoruka chini. Kiini kinachozunguka, ukikitazama kwenye kioo kilichosimama sambamba na mhimili wake, kinazunguka kinyume, lakini juu inabaki juu. Kama maumbile hayajali kioo, elektroni zingegawanyika sawa. Hazikugawanyika sawa. Matokeo yalitangazwa Januari 1957, na mwaka huohuo Lee na Yang wakapewa tuzo ya Nobel. Wu hakupewa. Yeye ndiye aliyeyauliza maumbile na kupata jibu, na kwangu mimi kuachwa kwake ni dhuluma.

Mwaka 1964 James Cronin na Val Fitch walionyesha kwamba hata ukibadilisha kioo pamoja na chaji, yaani kuiweka antimata, mwenzi wa maada mwenye chaji kinyume, mahali pa maada, chembe ziitwazo kaoni zinaitambua tofauti. Hilo linatugusa sisi moja kwa moja. Kwa tunavyoelewa, mwanzo wa ulimwengu ulizaa maada na antimata karibu sawa kwa sawa, navyo vilipokutana viliangamizana. Maada ilizidi kwa kadiri ya chembe moja kwa kila bilioni, na hiyo moja ndiyo nyota zote, sayari zote, na sisi tuliomo ukumbini humu. Mwaka 2025 wanasayansi wa jaribio la LHCb, huko CERN, maabara ya Ulaya ya fizikia ya chembe, walitangaza kwamba wameiona tofauti ya namna hiyo kwa mara ya kwanza katika barioni, familia ambayo protoni na nyutroni zimo. Hata hivyo, ukijumlisha tofauti zote zilizopimwa hadi sasa, ni ndogo mno kueleza ziada ile iliyobaki. Ama zipo nyingine ambazo hazijaonekana, ama simulizi letu la mwanzo lina kasoro mahali fulani. Nawaachia hapo, na mwenye swali anyooshe mkono.