Kijiji cha Uingereza kinachopigilia vigingi vya mipaka kila mwaka

Haya wapendwa, mambo vipi? Mnanisikia? Upepo wa huku unataka kuondoka na kofia yangu, kwa hiyo nikipaza sauti msidhani nagombana na mtu. Wale mnaonidai video ya London mnivumilie, leo nimewaletea matope.

Hapa ni Laxton, kijiji kidogo mkoani Nottinghamshire. Nimekuja na mwenzangu wa kazini, gari lake, mafuta tumechangia. Ngoja nigeuze kamera. Mnaona barabara hii? Nyumba za wakulima zimejipanga hapa hapa, matofali mekundu, maghala yamegeuza ubavu barabarani. Sehemu nyingi za Uingereza mkulima anakaa peke yake katikati ya shamba lake, mpaka umwone jirani ni safari. Hawa wanakaa pamoja, mashamba yako nje ya kijiji. Mzee wangu akiona hii atasema, ala, si kijiji cha ujamaa hiki! Tofauti ni kwamba sisi tulisombwa na malori miaka ya sabini, hawa wapo tu hapa. Kijiji hiki kimeandikwa kwenye lile daftari la mali la Mfalme William la mwaka 1086.

Sasa tusogee shambani. Angalieni mpaka kule mwisho. Mnaona uzio? Hakuna. Hakuna uzio, hakuna michongoma, na shamba hili si la mtu mmoja. Yapo matatu ya namna hii: South Field, Mill Field na West Field. Ndani yake kila mkulima ana ngwe zake, vipande virefu vyembamba, moja huku, nyingine kule, ili asiwepo wa kubeba udongo mzuri wote na mwenzake akabaki na kinamasi. Halafu wanazungusha kwa pamoja: mwaka huu shamba moja lina ngano ya majira ya baridi, la pili mazao yanayopandwa baridi ikiisha, la tatu linapumzika na majani. Mwakani wanabadilishana. Huwezi kuamka tu asubuhi ukasema mimi nalima ninachotaka.

Zamani sehemu kubwa ya katikati ya Uingereza ililimwa hivi. Kilichotokea ni sheria. Kati ya 1604 na 1914 Bunge lao lilipitisha sheria zaidi ya 5,200 za kuzungushia ardhi uzio, kipande kimoja baada ya kingine, jumla kama ekari milioni 6.8. Ukitaka kujua ardhi ya pamoja inavyokwenda, hivyo ndivyo inavyokwenda: kwa karatasi, taratibu, na muhuri juu. Laxton nao waliguswa, mashamba yao yalikuwa makubwa kuliko haya, ila kazi haikukamilika. Sababu moja inayotajwa ni kwamba wamiliki wakubwa wawili, Earl Manvers na Earl wa Scarbrough (Earl ni cheo cha kimwinyi), hawakuelewana. Fahali wawili wakipigana huumia nyasi, si ndiyo? Hapa nyasi zilipona.

Kuna ramani ya mwaka 1635, ilichorwa na mpimaji aitwaye Mark Pierce, iko maktaba ya Bodleian kule Oxford. Ngwe zaidi ya 2,000 zimechorwa moja moja, na watu wadogo wadogo wanalima. Leo ngwe ni chache na ni pana, kwa sababu trekta haligeuki kwenye kichochoro.

Sasa kilichonileta hapa. Mnaiona hii baa, Dovecote? Hapa ndipo mahakama inapokaa. Silewi jamani, nasema kweli! Inaitwa Court Leet, ni ya tangu enzi za mabwana na watwana. Mwaka 1977 Bunge lilizinyang'anya mahakama za aina hii uwezo wa kuhukumu, ya Laxton ikaachiwa. Mwishoni mwa Novemba wazee wa baraza, watu 12 walioapishwa mwaka uliopita, wanapanda tela la trekta na kwenda kwenye shamba lililopandwa ngano. Wanatembea kwenye tope, wanapigilia vigingi, wanaangalia nani amelima akavuka kwenda kwa mwenzake au amekwangua njia ya majani. Wanaandika. Wanarudi kula. Wiki inayofuata mahakama inakaa, msimamizi wa mwenye ardhi anaongoza, majina yanasomwa, faini zinatolewa, na wazee wapya wanaapishwa. Faini yenyewe ni hela ndogo. Lakini fikiria jina lako linasomwa mbele ya majirani wote kwamba umemwibia fulani nusu mtaro!

Kumbe na hawa wanameguana mipaka. Mimi nilidhani ni sisi tu.

Halmashauri ya kawaida nayo ipo. Kuna baraza la parokia, na msichanganye, si la kanisa. Mabaraza haya yalianzishwa kwa sheria ya mwaka 1894, makusudi kuondoa mambo ya kijiji mikononi mwa kanisa na mabwana wakubwa. Madiwani wake hawalipwi mshahara. Wanaangalia njia za miguu, mabenchi, makaburi, wanatoa maoni mtu akiomba kujenga, basi. Kibali kinatoka wilayani Newark, barabara na shule ni za mkoa. Mtendaji wa kijiji chetu, pamoja na kulalamika kwake kote, ana madaraka kuliko hawa.

Lakini kuna jambo limenikaa kooni. Wakulima hawa ni wapangaji. Mwaka 1952 wizara ya kilimo ilinunua ardhi ya Laxton kutoka kwa Earl Manvers. Mwaka 1981 ikaenda kwa Crown Estate, shirika la mali za Taji. Mwaka 2020 Crown Estate wakaiuzia Thoresby Estate, ambao ni ukoo ule ule wa Manvers. Kijiji kimeuzwa na watu wake wakiwa ndani wanakunywa chai! Kwetu Tanzania ardhi yote ni ya umma, Rais ndiye mdhamini, na ya kijiji inasimamiwa na halmashauri ya kijiji kwa ridhaa ya mkutano mkuu. Najua, najua, msianze kunitumia majina ya wenyeviti waliogawa ekari za watu kwa soda na bahasha. Lakini angalau kuna mkutano wa kwenda kupigia kelele. Mahakama ya hapa inaweza kumtoza faini jirani aliyevuka hatua mbili, ila kijiji kizima kikihama mkono hilo si suala la vigingi.

Mwenzangu anapiga honi, nina zamu ya usiku kazini, kwa wazee ninaowatunza. Baba mdogo, nimeona komenti yako ya ule mpaka wa bondeni. Kigingi cha mti ulichopigilia na marehemu babu kimeshaoza, usimlaumu jirani kwanza. Hawa wenyewe wanapigilia vipya kila mwaka.