Keki Baada ya Magharibi

MPWA: Assalaam alaykum, karibuni tena. Niko na halati yangu, dada wa mama, aliyepika na kupanga shughuli za watu hapa Lamu tangu mimi sijazaliwa. Shikamoo, halati.

HALATI: Marahaba, mwanangu. Waalaykum salaam, nyinyi nyote mnaotusikiliza.

MPWA: Mwenzangu wa kazini, Mkristo wa kwetu Malindi, anamfanyia mamake sherehe ya kutimiza miaka 60. Ni Jumamosi ya mwanzo wa Novemba, hapa mjini, darini chini ya makuti. Nusu ya waalikwa ni Waislamu. Amepanga wageni wafike saa kumi na moja, hotuba saa kumi na mbili, keki saa kumi na mbili na robo. Akanambia, muulize halati kama iko sawa.

HALATI: Amefanya vyema kuuliza mapema. Keki ameiweka juu ya swala ya Magharibi kabisa! Siku hizo jua hapa latua saa kumi na mbili na dakika sita, saba hivi. Adhana ikilia nusu ya watu watainuka, na yule mama abaki na kisu mkononi akitazama viti vitupu.

MPWA: Wasingoje kidogo, wakasali baadaye?

HALATI: Ingekuwa Isha, sawa, ile ina nafasi pana. Magharibi ndiyo fupi. Jua likizama imeingia, wekundu wa mbinguni ukipotea imetoka. Ni kama muda wa saa moja na dakika chache. Hapo utoe kutawadha, kushuka ngazi, kungojana. Na mtu mwenye kujali swala hataki kuifikia ukingoni.

MPWA: Sisi tuna bahati, mwaka mzima wakati hausogei sana. Februari jua latua kama saa kumi na mbili na nusu na kidogo, basi. Wenzetu wa London, Desemba Magharibi yao huingia hata saa kumi ya jioni haijafika, na Juni ni saa tatu na robo usiku. Huko kila sherehe ni hesabu mpya.

HALATI: Hapa hesabu ni rahisi, kwa hivyo hatuna udhuru. Tena mimi nasema hivi: usipange sherehe halafu ukaitafutia swala upenyo. Weka adhana kwanza kwenye karatasi, kisha panga mambo yako katikati yake.

MPWA: Yeye ametenga chumba. Amedhani hapo amemaliza.

HALATI: Chumba! Nikwambie. Kuna shughuli moja nilipika, wenyewe wakatenga chumba kizuri, misala imetandikwa, udi umefukizwa. Magharibi ikaingia, wanaume wakashuka kwenda msikitini. Wanawake wakenda chumbani, mlango umefungwa. Ufunguo uko mfukoni mwa bwana mmoja, naye yuko safu ya mbele anasali. Niliwaona watu wazima wamesimama ukumbini na udhu wao, wakati unakwenda. Mmoja alisali jikoni, kati ya masufuria yangu. Iliniuma sana, kwa sababu hakuna aliyekusudia ubaya.

MPWA: Kwa hivyo shida kubwa ni ya wanawake.

HALATI: Ndiyo, na watu hawaioni. Mji huu mwanamume akishuka ngazi tu ana msikiti. Mwanamke yuko hapo hapo kwenye sherehe. Anataka maji, si beseni moja la watu hamsini. Anataka kioo na nafasi, maana amejipamba. Akitawadha, wanja na poda vimekwenda. Wengi hutia udhu nyumbani wakati wa Alasiri na kuulinda hadi Magharibi. Hina haina neno, rangi ya kucha ndiyo inayozuia maji yasifike. Kisha, mwanangu, mwambie mwenzako asitangaze "Waislamu wote sasa waende wakasali". Kuna mwanamke ambaye siku hiyo hasali, na sababu yake ni yake. Atangaze mapumziko tu. Anayekwenda aende, anayekaa apewe sharubati, asiulizwe.

MPWA: Hilo nisingelifikiria.

HALATI: Hukuwa na haja ya kulifikiria.

MPWA: Na chakula?

HALATI: Sahani isishuke karibu na adhana. Tumefundishwa, chakula kikishawekwa mbele yako na swala imekimiwa, yaani watu wameitwa wasimame kusali, anza na chakula, moyo usiwe kwenye pilau. Sasa ukipakua dakika tano kabla, umewagawa watu: hawa wanakula haraka, hawa wameacha sahani. Ila tende na maji viwepo. Pengine yuko mtu amefunga, na anataka kufungua adhana inapolia.

MPWA: Kuna wageni wa Malindi pia, wanakuja kwa basi hadi Mokowe, gati ya upande wa bara, kisha boti. Zaidi ya kilomita 200.

HALATI: Hao ni wasafiri, wana ruhusa ya kupunguza swala na kukusanya mbili kwa wakati mmoja. Wakifika hawajasali Adhuhuri, wataisali pamoja na Alasiri. Kwa hivyo chumba kiwe wazi tangu wanapoingia. Na waonyeshwe kibla: ukisimama gatini ukatazama bahari, kibla ni mkono wako wa kushoto, kama unaelekea Mkomani, mtaa wa kaskazini mwa mji. Darini mgeni hupotea, bandikeni mshale ukutani.

MPWA: Basi tumpangie upya.

HALATI: Alasiri inaingia saa tisa na dakika ishirini hivi. Watu wasali kwao, wafike saa kumi. Vitafunio, kahawa, viazi vya karai. Hotuba na picha saa kumi na moja, kungali na mwanga. Mwenye muziki azime saa kumi na mbili kamili, asingoje kuambiwa. Mapumziko hadi saa moja kasorobo. Wakirudi wote, keki, kisha pilau. Wakitaka Isha waende kwa wakati wao, wengine wataisali nyumbani.

MPWA: Mama mwenyewe, wakati wa mapumziko?

HALATI: Aketi na wageni wake waliobaki. Mimi nitakuwa naye. Wewe utashika maji: mapipa mawili, yajazwe mchana, na kata nne.

MPWA: Na ufunguo?

HALATI: Hakuna ufunguo. Mlango unaondolewa kitasa asubuhi.