Kwa nini hakuna sayari "a"

Shikamooni wazee. Wanafunzi mliokaa chini huku mbele, hamjambo. Nawashukuru kuja, maana leo ni giza la mwezi, na wengine hapa wangekuwa ziwani sasa hivi na taa zao wakisubiri dagaa.

Nianze na Gombe, majirani zetu. Bi Jane Goodall alipofika kule mwaka 1960 aliwapa sokwe majina. Mama mmoja akamwita Flo, na watoto wake Faben, Figan, Fifi, Flint. Wasomi wa Cambridge walimlaumu: mnyama wa utafiti hupewa namba, bwana! Hakuwasikiliza. Sasa angalieni ujanja wake: ukisikia F, umeshajua ukoo.

Sayari za nyota nyingine nazo huitwa kiukoo. Sayari hubeba jina la nyota yake, ikaongezewa herufi ndogo. Mwaka 1995 Michel Mayor na Didier Queloz wa Uswisi walitangaza sayari inayoizunguka nyota iitwayo 51 Pegasi. Ikaitwa 51 Pegasi b.

Kijana mmoja amenishika mlangoni: mwalimu, a iko wapi? Haipo. Herufi hiyo imeachiwa nyota yenyewe, mama mwenye nyumba, ingawa hakuna anayeiandika. Sayari ya kwanza kugunduliwa huwa b, inayofuata c, na kuendelea. Zikigunduliwa kwa pamoja, iliyo karibu zaidi na nyota hutangulia.

Hapa ndipo wengi hupotea. Tumezoea kuhesabu Utaridi, Zuhura, Dunia, tukitoka kwenye Jua kwenda nje, basi tunadhani b lazima iwe jirani wa nyota. Chukueni 55 Cancri, yenye sayari 5. Ukizipanga kuanzia karibu na nyota unapata e, b, c, f, d. Hiyo e iligunduliwa mwaka 2004, ya nne, na bado ndiyo iliyokaa mapajani kwa mama: inamzunguka kwa muda usiofika saa 18. Nani nyumbani kwake mtoto wa mapajani ndiye kifungua mimba? Herufi inatunza zamu ya sisi kuziona; mpangilio wa huko juu utafute kwingine.

Jina la mbele nalo mara nyingi linamtaja aliyetafuta. Kepler ni darubini ya Marekani iliyorushwa mwaka 2009. HD ni orodha ya zamani ya nyota yenye jina la Henry Draper. WASP ni mradi wa kamera ulioongozwa na Waingereza, na huo unatuhusu.

Mwaka 2019 Umoja wa Kimataifa wa Wanafalaki ulitimiza miaka 100, ukazialika nchi, kila moja ipewe nyota na sayari yake izipe majina. Masharti yalikuwepo: herufi 4 hadi 16, jina la biashara hapana, mtu aliye hai hapana. Kwa hiyo mheshimiwa mbunge asubiri. Wakenya wakachagua Kalausi na Buru, Kijaluo, kimbunga na vumbi lake. Sisi Watanzania tulipewa WASP-71. Nyota tukaiita Mpingo, na sayari, WASP-71b, Tanzanite.

Mpingo naupigia makofi. Hilo la pili lilinikera kidogo. Jiwe linatoka Mererani, lakini jina lilitungwa New York na duka la vito la Tiffany, na tumelipeleka angani kwa tahajia ileile ya Kiingereza. Wajaluo wametushinda hapo! Halafu nikakumbuka kwamba tanzanite nyingi hutoka ardhini na rangi ya kahawia, ikachomwa moto ndipo ikapata ubuluu. Na sayari hii ni jitu la gesi, kubwa kuliko Mshtarii, linaloizunguka nyota yake kwa siku 2.9, karibu mno, linachomeka mchana kutwa. Nikanyamaza.

Majina haya ni rasmi, ila hayakufuta yale ya orodha. Mtafiti bado ataandika WASP-71b, kwa sababu humo anaona mradi, nyota na zamu.

Kwa macho matupu Mpingo hauonekani. Uko katika kundi la nyota la Nyangumi, ambalo jioni za Desemba kama hii hupita karibu na utosi wetu, mvua ikitupisha. Leo imetupisha. Darubini iko uani. Wanafunzi watangulie, na mwenye tochi ya simu aizime.